Koti la Mtayarishaji

Jumatatu, 4 Machi

Wamenichagua!

Yaani, hawakunichagua. Wamenipigia simu. Filamu tano zilichaguliwa kwa Siku ya Filamu, moja imejitoa kwa sababu mwenyewe amegombana na mhariri na mhariri kaondoka na kompyuta. Ndipo wakakumbuka kuwa mimi nipo. Jumamosi saa nane mchana, ukumbi mkubwa, *Nani Alizima Taa* itaonyeshwa mbele ya watu. Watu hai!

Miaka kumi na moja katika kazi hii. Filamu nne. Jumla ya watazamaji waliofika mwisho: mmoja. Mama mkwe. Na yeye alisinzia tangu dakika ya ishirini, lakini namhesabu kwa sababu hakutoka.

Niandike ukweli, maana humu hasomi mtu. Filamu hii ilianza kama hadithi ya mapenzi. Siku ya tatu ya kupiga picha umeme ukakatika, ukakaa wiki nzima bila kurudi. Mwingine angeahirisha. Mimi nilibadilisha jina la filamu nikaendelea gizani. Hayo hayafundishwi chuoni. Mimi sikupita chuo, sina mjomba wizarani, nilijifunza mwenyewe kwa kuharibu.

Nikamwambia mke wangu kuwa Mnunuzi wa kituo cha televisheni atakuwepo, atachukua filamu moja. Sikuona furaha. Yeye ni fundi cherehani, alikuwa na pini mdomoni. Akazitoa moja moja, akazichomeka kwenye kijimto chake, akasema:

"Baba Pacha, tupatane. Huyo Mnunuzi akikupa mkono, endelea na filamu zako, sitasema neno tena. Asipokupa, Jumatatu unakwenda ghalani kwa kaka."

Kaka yake, yaani shemeji yangu, ana ghala la unga. Miaka yote hii ananifuata nyuma kama fisi anayemfuata mtu, akingoja mkono udondoke.

Nimekubali. Mkono tu! Nani hushindwa kupewa mkono?

Jioni shemeji akaja na kitambaa cheupe cha koti la kazi. Akasema eti lishonwe mapema, nisije nikapoteza siku ya kwanza. Mke wangu akanipima mabega bila kuniangalia usoni.


Jumanne, 5 Machi

Nimekutana na Miwani kwenye duka la kurudufu karatasi. Simwandiki jina, hastahili wino. Huvaa miwani ya jua ndani ya nyumba. Leo kaingia akagonga mlango wa kioo, akauomba radhi.

Naye amechaguliwa. Alichaguliwa tangu mwanzo, akahakikisha kila aliye kwenye foleni amesikia. Filamu yake ni ya mizimu. Aliipiga siku tisa nyumbani kwa shangazi yake bila kumwambia shangazi, ndiyo maana mayowe ni ya kweli.

Akanipa kadi. Imeandikwa PRODYUZA. Nikamwambia mtu asiyeweza kuitaja kazi yake kwa lugha yake hana kazi. Sisi ni watayarishaji. Neno lipo, zuri, limenyooka, limeshiba. Akacheka, akasema humu mjini hakuna anayejua mtayarishaji ni nani. Akamgeukia mwenye duka, akamuuliza. Mwenye duka akafikiri, akasema ni mtu wa maandalizi. Foleni nzima ikacheka. Mmoja akapiga makofi.

Sawa. Jumamosi Mnunuzi atanijua kwa neno hilohilo. Kutoka mbali!


Jumatano, 6 Machi

Balaa. Sina suti.

Nilikuwa nayo moja. Ilizikwa. Katika filamu, mhusika mkuu anafariki, na mhusika mkuu ni Kinyozi wa mtaa wetu, mwenye sura ya huzuni kuliko kinyozi yeyote niliyewahi kumwona. Nilimvika suti yangu, tukamshusha kaburini, mvua ikanyesha, tukakimbiza kamera kwanza, Kinyozi baadaye. Suti ilitoka imekuwa ya mtoto.

Nimekwenda kwa Kinyozi kuuliza kama ana suti ya kuniazima. Anayo, lakini ataivaa yeye, kwa sababu yeye ndiye nyota. Akaniuliza jina lake limeandikwa kwa herufi za ukubwa gani. Nikamwambia sawa na langu. Akaniacha nusu ya kichwa bila kunyolewa, akaenda kunywa maji. Nikaongeza ukubwa wa herufi.

Nimerudi nyumbani nimekata tamaa kabisa. Nikakaa kitandani nikitazama ukuta. Na ukutani, kwenye msumari, limening'inia koti la ghala. Jeupe. Jipya. Kola imesimama. Mifuko mitatu.

Nikalijaribu. Nikasimama mbele ya kioo. Daktari! Mwanasayansi! Mtu wa kazi yake! Kila mtu atavaa suti nyeusi Jumamosi, mimi peke yangu nitang'aa. Adui kaniletea silaha mwenyewe, tena imepigwa pasi.

Limebaki neno kifuani.


Alhamisi, 7 Machi

Mke wangu aliuliza aandike nini. Nikamwambia MTAYARISHAJI MKUU. Akauliza mkuu wa watayarishaji wangapi. Nikamjibu mmoja, na kwa hesabu yoyote ile mmoja huyo ndiye mkuu.

Ameshona kwa uzi mwekundu juu ya mfuko wa kifuani. Kaanza vizuri, alipofika TAYARI uzi ukaisha, akafunga fundo, akaunga mwingine, akamalizia. Mshono wenyewe ni wa mnyororo, ule ambao ukivuta ncha moja unafumuka wote. Nikamuuliza kwa nini asitumie mshono wa kudumu. Akasema kitambaa ni cha kaka.

Pacha walikuwa chini ya meza wanaigiza kifo cha Kinyozi. Wanakijua chote, pamoja na kikohozi. Kinachukua dakika kumi na moja. Kwa kweli wanakiweza kuliko yeye.

Kisha mke wangu akaniuliza, taratibu, kama anauliza bei ya kitu asichotarajia kukinunua, kama spika za ule ukumbi ni nzuri. Nikasema nzuri sana. Akasema hajawahi kusikia sauti yake mahali pakubwa.

Maana sauti zote za wanawake katika filamu hii ni zake. Wanawake saba. Waigizaji wa kike walisikika kama wanaongea ndani ya mtungi, nikawafuta, nikamkalisha yeye ndani ya kabati la nguo, nikamfunika blanketi, akasema maneno yote. Mama, mke, jirani, muuguzi, wote. Alitoka mle ametota jasho, akaenda kumalizia sare za shule za watu.

Nikamwahidi kiti kando yangu, safu ya tatu katikati. Akaficha tabasamu lake kwenye kitambaa. Anajishonea blauzi.


Ijumaa, 8 Machi

Mpango kabambe!

Mnunuzi ni mtu wa biashara. Hanunui filamu, ananunua machozi ya watu wengine. Akiona ukumbi unalia, atatoa kalamu. Sasa ukumbi hauwezi kuachiwa kulia wenyewe, unaweza kusahau.

Nimekusanya waliaji kumi na tisa. Kumi na mmoja ni wateja wa Kinyozi, wanane ni wateja wa mke wangu ambao nguo zao bado hazijaisha, hawana pa kukimbilia. Nimewapanga kwa sehemu: sita wa kwikwi, tisa wa kufuta macho, wanne wa sauti ya juu. Ishara ni leso nyeupe. Dakika ya sabini na moja, Kinyozi anapoanza kukata roho, nitasimama nifute jicho. Hapo waanze. Si kabla.

Tumefanya mazoezi kinyozini. Mteja wa kweli akaingia kunyoa ndevu, akawakuta, akatoa pole, akatoka.

Kinyozi akauliza, je, nikipatwa na dharura? Nikamwambia dharura gani, mimi ndiye mtayarishaji. Akasisitiza. Basi nikamwambia nisipokuwepo, yeye atoe leso. Niliyasema hayo ili anyamaze.

Nitafika peke yangu, dakika kumi kabla. Waliokaa wageuze shingo.


Jumamosi, 9 Machi

Sijui nianzie wapi. Nianzie mlangoni.

Askari wa mlangoni akaniona nikija. Akatazama koti. Akasoma kifua changu kwa sauti, silabi baada ya silabi, mpaka mwisho. Uso ukamwangaza.

"Mkuu! Tunakungoja tangu asubuhi!"

Miaka kumi na moja! Sijawahi kungojwa na mtu tangu asubuhi, labda mwenye nyumba. Akanishika kiwiko, akanipitisha mlango wa pembeni, ukumbi mdogo mrefu, kona, kona nyingine. Nikajua: wakubwa hupitia nyuma. Nikasikia harufu ya vitunguu. Nikasema, kumbe na chakula tumeandaliwa.

Mlango ukafunguliwa. Mvuke. Masufuria ya kuweza kuogea. Mwanamke mwenye kimo cha mlango, taulo begani, wote wanamwita Mama Jiko. Akanipima juu hadi chini, akasema nimechelewa. Nikamwambia nimewahi kwa dakika kumi. Akaniuliza nimetayarisha kwa miaka mingapi. Kumi na moja, nikajibu. Mara ya mwisho nilikuwa na watu wangapi? Hamsini na wawili, nikasema, nikihesabu waigizaji na wabeba taa. Na wasaidizi? Mke wangu tu. Akaguna kwa heshima. Akauliza watu walionaje. Mimi sipendi kujisifu mbele ya wageni. Nikasema ukweli kwamba wengi walilala palepale kwenye viti.

"Basi walishiba," akasema Mama Jiko, akanikabidhi mwiko.

Hapo ndipo nilipaswa kusema neno. Nimeshajiuliza mara nyingi tangu mchana: kwa nini sikusema? Nitajibu kwa haki. Niliona nyama.

Mpishi waliyemkodi hakutokea. Wasaidizi watatu walikuwa wamekata nyama mapande makubwa kama ngumi, tisini na sita. Wageni ni mia moja na arobaini. Mpe kila mmoja pande moja, watu arobaini na wanne watakula mchuzi kwa macho. Na hakuna hata mmoja pale aliyekuwa amehesabu! Siwezi kuona hesabu mbovu nikanyamaza, ni ugonjwa. Nikasema kila pande likatwe vipande vitatu. Mia mbili themanini na nane. Kila mgeni viwili, vinabaki vinane. Viazi viingie sasa hivi, si baadaye. Mama Jiko akanitazama kama mtu aliyeona maji jangwani. Dakika tano tu, nikajiambia, nikapandisha mikono ya koti.

Ndipo nikasikia muziki wangu.

Ukumbi uko upande wa pili wa ukuta! Kati yetu kuna kidirisha cha kupitishia sahani, kimefungwa kwa komeo upande wa kule. Nikakimbia hadi mlango wa ukumbini. Askari yuleyule. Akasema wa jikoni hawaingii wageni wakiwa wamekaa. Nikamwambia mimi ndiye mtayarishaji.

"Najua, mkuu," akasema kwa upole. "Ndiyo maana nakurudisha."

Mlango wa mbele nao wamefunga, mwanga usiingie. Nyuma yangu Mama Jiko anaita kuwa viazi vinashika chini. Nifanye nini? Nikarudi. Nikakoroga kwa mkono mmoja, jicho nikalibandika kwenye ufa wa kidirisha.

Nikaona safu ya tatu. Mke wangu, blauzi mpya, mkoba wake umekalia kiti changu. Kinyozi ndani ya suti, anatazama huku na huku, ananitafuta. Hanioni. Na dakika ya tatu, katika harusi ya mhusika, watu wanacheza, ngoma inalia, sura ya Kinyozi ikajaa ukutani kwa mara ya kwanza. Akajiona. Akapagawa. Akasimama, akatoa leso.

Waliaji kumi na tisa wakaipokea harusi kwa kilio! Kwikwi sita. Macho tisa. Wale wanne wa sauti ya juu wakafanya nilivyowafundisha, tena kwa moyo, mmoja akaanguka kabisa chini ya kiti. Bwana harusi anatabasamu, ukumbi unaomboleza.

Kisha watu wengine wote wakaangua kicheko.

Baada ya hapo hakuna kilichonusurika. Kicheko kikiingia ukumbini ni kama maji kwenye unga, hukitoi tena. Walicheka ugomvi. Walicheka barua ya kuaga. Kinyozi akafa dakika kumi na moja, wakacheka dakika kumi na moja. Ikafika ile sehemu ya giza ambayo ndiyo roho ya filamu. Skrini nyeusi. Sauti ya mke wangu peke yake, ile aliyoitoa kabatini, inauliza polepole, "Nani alizima taa?"

Mtu wa nyuma akajibu, "Mtayarishaji!"

Nilikuwa nimesogea mno kwenye ufa. Nikanusa kitu kinaungua. Nikadhani ni viazi. Ilikuwa M. Ile M ya kwanza, kifuani kwangu, imegusa ukingo wa jiko. Nikaizima kwa mchuzi.

Mwisho wakapiga makofi. Makofi ya watu wenye mbavu zinazouma, lakini makofi. Mshereheshaji akaita mtayarishaji ajitokeze. Nikagonga kidirisha. Nikapiga kwa mwiko. Wakadhani ni ngoma. Akaita mara ya pili. Mke wangu akanyanyuka nusu, akatazama mlangoni, akaketi tena. Mara ya tatu akapanda Miwani.

Miwani! Akajikwaa ngazi, akashika kipaza sauti, akasema mwenzake ni mtu wa aibu, anashukuru kwa niaba yake, na kwamba yeye ndiye aliyemlea katika sanaa. Mnunuzi, mtu mfupi wa suti ya kijivu, alikuwa bado anafuta macho kwa kucheka. Miwani akashuka, akaketi kando yake, wakaongea. Niliona kadi ikitoka. PRODYUZA.

Kidirisha kilipofunguliwa kilikuwa kwa ajili ya sahani. Nikapakua. Sahani mia moja na arobaini, vipande viwili viwili, hakuna aliyekosa. Na watu walikula kimya, jambo ambalo sijawahi kulifanikisha kwa njia nyingine yoyote.

Kisha Mnunuzi akaja mwenyewe mpaka kidirishani. Akasema amehudhuria shughuli nyingi, lakini leo ameguswa. Alidhani mwanzo mkali mno, lakini kadiri alivyoendelea akaona kila kitu kiko mahali pake, na mwisho umemtoa machozi. Akauliza aliyetayarisha ni nani.

"Ni mimi," nikasema.

Akapenyeza mkono kidirishani, akanipa. Mkono mzima! Akautikisa.

"Ile pilipili uliyoiweka mwishoni," akasema, "usije ukampa mtu siri yake."

Nikamwambia mimi ndiye mtayarishaji wa filamu. Ile waliyocheka. Akanitazama koti, akatazama mwiko, akacheka mpaka akashika ukingo wa kidirisha. Akasema mpishi mwenye mzaha ni baraka. Akaondoka na kipande cha ziada.

Wa mwisho kwenye foleni alikuwa mke wangu. Akasimama na sahani tupu. Akanitazama, akatazama ile sehemu iliyoungua. Nikampa viwili vyake, nikaongeza kimoja katika vile vilivyobaki. Nikaongeza na kingine.

"Nilikushikia kiti," akasema.


Jumapili, 10 Machi

Nimeamka na hoja. Mkono nilipewa!

Tulipatana nini? Akikupa mkono. Hatukusema wa nini. Hatukutaja nyama wala filamu. Nikamweleza mke wangu kwa utaratibu wakati akikunja nguo. Akamwita kaka yake.

Shemeji akaja, akaketi, akataka kusikiliza pande zote kama hakimu. Naye jana alikuwepo, alikula sahani mbili. Akathibitisha kwamba mkono aliuona kwa macho yake. Nikasema haya basi! Akathibitisha pia kwamba nyama ilikuwa laini. Kisha akatoa hukumu kwamba mkono ulikuwa na mafuta, na mkono wa mafuta ni wa mpishi.

Katikati ya kesi Mama Jiko akapiga simu. Namba kaipata kwa askari. Anataka niwe msimamizi wa maandalizi kila Jumamosi, na siku za wiki kukiwa na shughuli. Akasema tangu aanze kazi hajaona mtu anayeweza kuitazama nyama akajua idadi. Simu ilikuwa na sauti kubwa, wote walisikia. Shemeji akanyanyua nyusi. Mke wangu akaacha kukunja nguo, akanisubiri.

Nikamshukuru, nikamwambia mimi ni msanii.

Mama Jiko akasema hata yeye. Akakata.

Shemeji akatazama saa yake. Mke wangu akasema neno moja tu kuhusu jana, nalo hakunilaumu kwalo, ndiyo maana halinitoki.

"Walicheka sauti yangu, Baba Pacha."

Nikamweleza kwamba kosa ni la Kinyozi, na la leso, na la komeo la kidirisha. Akasikiliza hadi mwisho. Akauliza kama nilipata nafasi ya kutoka jikoni kabla filamu haijaanza. Nikafikiri. Nikasema viazi vilikuwa havijaingia.

Akatikisa kichwa kama mtu aliyepata jibu. Akaomba nisimwombe tena sauti yake. Nikaahidi.

Kisha akalishusha koti msumarini, akashika ncha ya uzi mwekundu, akavuta. MKUU ikaenda kama haikuwahi kuwepo. Ikaenda I, ikaenda J, A, H, S. Halafu uzi ukagoma. Lile fundo la Alhamisi! Akavuta tena, ukakatika mkononi. M ya mwanzo ilishaungua, akaikwangua masizi kwa kucha. Likabaki neno moja kifuani.

TAYARI.

Akachukua mkasi, akalitazama kitambo, akaurudisha mkasi mezani. Akasema libaki hivyohivyo, amechoka.


Jumatatu, 11 Machi

Ghalani saa mbili kamili. Shemeji alisoma kifua changu akafurahi mno. Akawaita wapagazi wote watano waje waone mfano wa mfanyakazi aliyekuja na moyo. Nilitamani ardhi ipasuke. Ardhi ya ghala ni saruji.

Nimepewa kiti, kalamu na meza yenye mguu mfupi. Magunia ndani ya saa moja nimeyahesabu yote. Shemeji alikuwa akidhani anayo mengi zaidi. Hakufurahi, lakini akaniletea chai kwa mkono wake mwenyewe. Miwani, nimesikia, ametia sahihi na kituo cha televisheni. Atatengeneza filamu ya kuchekesha. Kinyozi ndiye nyota. Wakamwombe na leso!

Nimekaa. Nimemaliza chai. Nikaona maisha yangu yote yaliyobaki yakiwa yamepangwa hadi darini kwa safu za kumi kumi.

Saa nne jua likafika kwenye dirisha la juu.

Liliingia kwa mstari mmoja, kutoka darini mpaka sakafuni, na vumbi la unga likaelea ndani yake taratibu. Mpagazi mkubwa kuliko wote akapita na gunia begani, kanyaga, kanyaga, uso mweupe kwa unga, jicho moja tu ndani ya mwanga. Sijawahi kuona mwanga wa namna ile. Na hakuna anayeweza kuukata kwa swichi!

Wapagazi watano. Sura tano, zote za kusikitisha, mmoja anamshinda Kinyozi mbali. Nimewauliza kama wanajua kulia. Wawili wanajua. Magunia yanazuia kelele za nje, kwa hiyo hakuna mwangwi wa mtungi. Saa nne hadi saa tano na robo, siku sita kwa wiki, shemeji akienda benki. Hadithi ninayo: mtunza ghala anayejua idadi ya kila kitu ila siku zake. Wanawake ni watatu tu safari hii, si saba. Kabati la nguo bado lipo, na blanketi. Sijamwambia mke wangu. Nitamweleza kwa utaratibu, watatu si saba.

Hata koti lisinisumbue tena. Nusu ya kazi imeshafanyika, fundo linashikilia, na uzi mwekundu nimeuona kwenye kopo lake la vifungo.

Zimebaki herufi sita tu.